Mmea Uliokataza Salamu

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa, nilimnyima salamu mzee wa Kimaasai mbele ya ng'ombe wake, na mpaka leo sijaamua kama lilikuwa kosa au jambo la maana kuliko yote niliyowahi kufanya.

Tulikuwa tumehamia nje kidogo ya Noonkopir, nchi ya Wamaasai, kutoka Ukambani, mwishoni mwa miaka ya tisini. Baba alifanya vibarua vya ujenzi mbali, akirudi mwisho wa mwezi. Mvua ya mwaka ule iligeuza udongo mweusi kuwa gundi, na hakuna gari lililofika mlangoni kwetu. Homa ilikuwa imemlaza mama siku ya nne. Usiku ule alianza kuwaita watu ambao hawakuwepo, wengine wamekufa, na mimi nikajifunika blanketi nisimsikie.

Alfajiri Susu, mama yake mama, aliyekuja kutoka Machakos kumwuguza, aliniamsha akanipa jembe.

"Enda kule korongoni utafute kyeni."

Kyeni kwa Kikamba ni mwanga. Alinieleza kuwa ni mmea mdogo unaowaka wenyewe, na mgonjwa akinywa maji yake huinuka. Ili niuone ilinibidi nijifunike leso kichwani na kuchungulia chini ya mawe na magogo, kwa sababu mwangaza wa mchana huuficha.

"Ukishang'oa usifungue mdomo," akasema. "Usisalimie mtu, usiitikie mtu, mpaka uingie hapa ndani. Ukisema hata neno moja, itazima. Umesikia?"

"Nimesikia, Susu."

"Na usirudi haraka. Tafuta vizuri."

Nilitafuta hadi jua likapanda. Kila jiwe nililoinua lilikuwa na siafu au halina kitu, na kila mara nilimwona mama akilini akizidi kwenda. Niliogopa hata kulia, nisije nikapoteza wakati. Mwishowe, chini ya gogo la mgunga lililooza, nikauona. Mwanga wenyewe ulikuwa hafifu, wa kijani, kama mishale ya saa ya baba taa ikizimwa. Nimesikia tangu hapo kwamba kuna ukungu wa miti iliyooza unaong'aa. Huenda. Lakini wangu ulikuwa na majani mawili.

Niliufunga ndani ya leso, nikakaza meno, nikashika njia ya nyumbani. Ndipo nikakutana na Mzee Sankale, jirani mwenye boma ng'ambo ya korongo, akiswaga ng'ombe.

"Takwenya!"

Sisi watoto tulijua desturi. Unainamisha kichwa, mzee anakuwekea kiganja utosini, nawe unaitikia "Iko." Nikainama. Mkono ukatua. Akangoja.

"Takwenya, mtoto!"

Jibu lilikuwa limenijaa mdomoni. Niliuvuta utosi wangu kutoka chini ya mkono wake, nikakimbia.

Akanifuata. Nilisikia akala zake zikichapa tope nyuma yangu, akala za matairi ya gari ambazo wazee wengi walivaa, na nilijua nitachapwa mbele ya mama anayekufa. Tulifika mlangoni karibu pamoja.

"Mama Kanini!" akamwita mama kwa jina langu. "Hii mtoto yako amekataa salamu yangu. Nimewakosea nini nyinyi?"

Susu alitoka akauziba mlango kwa mwili wake. "Mama yake ni mgonjwa," akasema kwa sauti ya chini, kama mtu anayekiri wizi.

Mzee alichungulia juu ya bega lake. Habari ya adabu ikaishia hapo.

"Tangu lini?"

"Siku nne."

"Siku nne! Na mimi niko na trekta hapo tu!"

Mwanawe alikuja na trekta lenye tela. Walipomwinua mama na godoro lake nilipiga yowe, "Mama!", na hapo hapo nikakumbuka leso, nami sijaingia bado ndani. Trekta lilikwenda kwa kuteleza hadi barabara ya lami, na kutoka hapo akapelekwa hospitalini. Baadaye daktari alimwambia baba kwamba tungechelewa, jioni isingemkuta hai. Waswahili husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Kwetu mwenyeji ndiye aliyekuja, mgeni akapona.

Jioni nilipofungua leso, palikuwa na kijiti kilichonyauka. Niliamini nimeuzima kwa lile yowe, na kwamba uhai wa mama ulikuwa wa kukopeshwa. Kwa miaka mingi mama akikohoa tu, nilikuwa nikiacha kupumua. Sikumwambia mtu.

Nilimwambia Susu nikiwa mtu mzima, yeye amelala kitandani kwake Machakos, amebaki mifupa.

"Kyeni haiko," akasema. "Niliitunga hiyo asubuhi. Niliona mama yako anaenda, sikutaka uone."

"Na kunyamaza?"

"Mtu angekuuliza mama anaendelea aje, ungelia huko njiani peke yako."

"Kwa nini hukubisha kwa majirani, Susu?"

"Kwa nani? Sikujua mtu. Hata lugha yao sikujua."

Nilikuwa nimejiandaa kukasirika, nikashindwa. Sikumwuliza basi nilileta nini ndani ya leso ile. Nilimfikiria akiwa chumbani asubuhi ile nzima na binti yake wa kuzaa mwenyewe, akisubiri binti akate roho. Mimi alinitafutia mahali pa kwenda. Yeye hakuwa na mtu wa kumtuma mbali.