Rufaa ya Gari la Kimali

Mwanangu, siku ile ya rufaa naikumbuka mpaka shati nililovaa: jeupe, la mikono mirefu, nimelipiga pasi mwenyewe. Keti nikueleze, maana nasikia na wewe umenyimwa leseni ya kubeba abiria na unataka kwenda kubishana na wakubwa.

Mimi unanijua. Shule niliishia darasa la tano, lakini leo hapa Bariadi ukiuliza mashine kubwa ya kukoboa mpunga ni ya nani, hata mtoto atakuleta kwangu. Sikurithi hata kuku. Najisifu kidogo, sawa, jasho ni langu. Ila mtu anaweza kupata vyote hivyo na bado akabaki na jambo moja linalomuuma.

Wakati huo nilikuwa kijana. Mimi na kaka yangu Masanja tulinunua Hiace iliyokwishatumika. Yeye alikuwa na mifugo yake kijijini, Kimali, akauza maksai wote wa kulimia ili gari lipatikane, akaniambia niendeshe ili nyumba zetu mbili zipate kula. Nikaomba leseni ya njia ya Kimali hadi Bariadi. Ombi likakataliwa. Eti njia hiyo ina magari ya kutosha.

Magari gani? Yalikuwa yanaishia Mwanhuzi. Kutoka pale kuja kwetu, mama mjamzito alipakiwa kwenye baiskeli, na masika udongo wa mbuga ukishalowa, baiskeli nayo hubebwa. Haki ilikuwa yetu, mwanangu, nyeupe kama pamba iliyopasuka. Hata yule aliyenisaidia kuandika rufaa alisema hivyo hivyo: hapa utashinda, we subiri tu usikilizwe.

Kusubiri sikuweza. Haraka haina baraka, tunaimba tu. Nikaanza kubeba abiria siku za mnada, na watu wakanishangilia kama mcheza ngoma. Masanja aliposikia akaja nilipoegesha, tukasalimiana mwangaluka, akaweka kiganja kwenye boneti. Ilikuwa ya moto.

"Mdogo wangu," akasema, "ng'ombe mwenye shauri hakamuliwi mpaka wazee waamue. Hata kama ni wako."

Nikacheka. Nikamwambia hayo ni mambo ya zizini, hili lina injini.

"La kwato, la magurudumu, shauri ni shauri. Na siku ya kusikilizwa jibu ulichoulizwa, ukae. Mdomo wako hauna breki."

Hapo nilimjibu vibaya. Nilimwambia mtu aliyekulia nyuma ya mikia ya ng'ombe hawezi kunifundisha mambo ya mjini. Alinitazama, akasema, "Haya," akaondoka.

Siku ya rufaa alikuja, tukakaa benchi moja. Mama aliyeongoza kikao alikuwa amesoma kila kitu. Akambana ofisa wa leseni ataje gari moja tu linalofika Kimali, ofisa akababaika. Mambo yalikuwa yamekwisha. Kisha mama akanigeukia kwa upole, akauliza kama gari letu ni zima na linaiweza barabara ile.

Jibu lilikuwa "ndiyo, mama", halafu nikae. Mimi nikasimama, nikaweka kola sawa.

"Mheshimiwa, gari hilo halijui kulala. Uliza Kimali yote. Hata mnada wa juzi nimejaza mpaka wengine wamening'inia mlangoni."

Nikangoja wacheke. Masanja aliinamisha kichwa.

Mama akauliza polepole, "Ulijaza kwa leseni ipi?"

Rufaa ikatupwa. Gari likazuiliwa, faini na gharama zikalimeza lote. Msimu ule Masanja na mkewe walilima pamba kwa jembe la mkono, na mimi nikapita njia nyingine nisiwaone wameinama.

Hakunitukana. Nilipokuja kupata, nilimpelekea maksai wazuri kuliko wale, akapokea, akashukuru, tukala pamoja. Lakini tangu siku ile hajanishauri tena. Nikimpelekea jambo, liwe la mtoto, liwe la shamba, anasikiliza mpaka mwisho, halafu anasema kwa upole, "Wewe wa mjini unajua." Watu wote wananiambia ndiyo, mwanangu. Aliyekuwa ananiambia hapana nilimnyamazisha mwenyewe.

Basi nenda ukakate rufaa, usiogope ofisi, haki haina darasa. Lakini gari lako liegeshe mpaka uamuzi utoke, hata ukilala njaa. Ukiulizwa, jibu ukae. Mdomo uliponza kichwa, na wangu uliponza migongo ya watu wawili. Na wa kwenu akikukanya, hata kama ananuka zizi, mwache amalize.

Mungu akupe njia unayoiomba. Akupe na ndugu wa kukukataza, na akutunzie huyo ndugu mpaka uzeeni.