Koti la Mbeba Maji

Wengine wakikutana na mtu humtazama usoni. Yeye alimtazama kolani. Ndiyo maana mtaa mzima ulimwita Bi Kola, na jina alilopewa na wazazi wake likabaki kwenye kitambulisho tu, huko ndani ya pochi. Alikuwa dobi. Alianza na beseni moja na mikono yake miwili, akifua mashati ya wapangaji wenzake. Akaongeza beseni, akaongeza kamba, mpaka akapata chumba cha mbele chenye meza ya pasi na ua wa nyuma wa kuanikia. Hakuwa na haja ya kumsimulia mtu alivyofika hapo. Aliyeuliza alitajiwa bei ya shati.

Katika chumba hichohicho wifi yake, dada wa mumewe, aliweka cherehani dirishani. Vifungo, zipu, matundu ya sigara, yote yalipita mikononi mwake. Wawili hao walipendana kwa namna ya mawifi: hawakumaliza asubuhi bila kuchokozana, na asiyewajua angedhani wanagombea urithi.

Chumba cha nyuma kilikuwa cha mume. Watu walimwita Dereva, ingawa lori alishaliacha siku alipostaafu. Kiasi cha kiinua mgongo chake alinunulia mashine ya gemu, na mkewe akanuna wiki nzima. Gemu alilolipenda liliitwa Majivu. Dunia imeshaungua, miji imebaki magofu, na mtu mmoja aitwaye Mbeba Maji anatembea gofu hadi gofu na dumu begani, akiwapelekea maji waliosalia. Lilikuwa na sehemu tano. Dereva alizimaliza zote, akarudi mwanzo.

"Mtu mzima unamhangaikia mtu wa kwenye kioo," Bi Kola alimwambia. "Humu ndani maji unabeba?"

"Humu ndani dunia haijaisha, mke wangu."

Basi ikaja kampuni ya filamu kupiga tamthilia ya gemu hilohilo, kwenye machimbo ya kokoto yaliyoachwa nje ya mji. Dereva alipata habari kabla ya mwenye machimbo. Alifurahi, lakini furaha yenyewe ilikuwa na wasiwasi ndani yake, maana miaka ya nyuma Majivu lilishawahi kutolewa filamu, na filamu ile ilimtia uchungu.

"Mtu katembea miaka kumi kwenye majivu," alisema, "anatokea na koti limenyooka kama bwana harusi! Tulicheka mpaka tukakasirika. Hawa wakirudia yale, bora waliache gemu langu lilivyo."

Bi Kola katika habari yote hiyo alisikia kitu kimoja: watu themanini, kila mtu na taulo lake na shuka lake. Akavaa gauni la kutokea, akaenda machimboni. Kulikuwa na kampuni ya kufulia yenye mashine na magari, nayo iliitaka kazi hiyo. Bi Kola akaongea, akaongea, akaondoka na wiki moja ya majaribio. Wakiridhika naye, ufuaji wote ungekuwa wake mpaka mwisho wa upigaji, miezi tisa. Wasiporidhika, asingekuwa na pa kushika: hoteli iliyomlisha miaka mingi ilishanunua mashine zake, nusu ya kamba zake zilianika upepo, na alishamwambia wifi yake waziwazi kwamba mwaka ujao huenda chumba cha mbele wakakirudisha kwa mwenyewe.

Siku moja kabla ya wiki kwisha, gari la kampuni lilileta mfuko wa taulo, na juu yake koti. Ujumbe ulitoka kwa msimamizi wa mavazi: mwigizaji analalamika linanuka, liondolewe harufu, litachukuliwa kesho asubuhi.

Bi Kola akalitandaza mezani. Lilikuwa koti refu la turubai, rangi ya udongo, kutu begani, oili kwenye pindo, damu kifuani, kiwiko kimetoboka, vifungo viwili tu vimesalia. Na kola! Kola ilikuwa nyeusi, inang'aa.

"Maskini," alisema. "Wanaona aibu kusema lifuliwe."

Hapo mfanyabiashara ndani yake akaamka. Yeye mteja anayesitasita hakumpunguzia bei, alimwongezea kitu. Ukipunguza, kesho atataka upunguze tena. Ukiongeza, atarudi kuitafuta nyongeza. Akaamua koti liwe nyongeza.

Alilishambulia. Kutu aliipiga kwa ndimu na chumvi, akaiweka juani. Oili aliilainisha kwa mafuta ya taa, kisha sabuni ya kipande. Damu aliinusa, akaikuta tamu kama sharubati, akaitoa kwa maji baridi huku akicheka. Kwenye kola alitumia mswaki, mpaka mkono ukamfa ganzi. Wifi akatia kiraka cha ndani kwenye kiwiko, huwezi kukiona hata ukipewa miwani, akapachika vifungo vyote vya kufanana. Dereva hakuwepo kuwazuia. Alishinda langoni machimboni, akichungulia kati ya mabati. Aliporudi jioni, koti lilishapigwa pasi na kuvalishwa nailoni.

Asubuhi msimamizi wa mavazi alikuja mwenyewe. Alikuwa binti mwembamba, pini zimejaa kwenye mfuko wa shati. Kola yake ilikuwa safi, Bi Kola akampenda papo hapo. Akaivuta nailoni kwa madaha.

"Tazama kazi, mwanangu. Na hiyo sikutozi."

Binti alitazama. Alishika mkono wa koti, ulionyooka mstari mmoja toka begani. Kisha akakaa chini, juu ya beseni lililogeuzwa.

"Mama," alisema taratibu, "madoa yangu yako wapi?"

"Yamekwenda na maji."

"Yale madoa niliyapaka mimi. Mwezi mzima! Leo saa kumi anaingia nalo mbele ya kamera."

"Si mna jingine?"

"Jingine tulilichoma juzi. Lilitakiwa kuungua."

Cherehani ikanyamaza. Mlango wa nyuma ukafunguka, Dereva akatokea na padi ya gemu mkononi. Alilitambua koti kabla hajauliza lolote.

"Mke wangu," alisema, "umemfulia Mbeba Maji?"

Akaangua kicheko. Alicheka akishika fremu ya mlango, akacheka akiteleza nayo mpaka chini. "Dunia nzima imeshindwa kumtakatisha, mke wangu kamweza kwa ndimu!"

"Kaka, acha, mtoto wa watu analia," wifi alimkemea, naye mwenyewe mabega yanamtikisika.

Bi Kola hakucheka wala hakuomba radhi. Alimpa binti maji ya kunywa, akasubiri ayameze. Kisha akachukua waya wa kusugulia sufuria, akaulowesha kwa siki na chumvi, akaulaza kwenye bega la kushoto la koti, akaweka kitambaa juu na kukandamiza pasi ya moto. Mvuke ukafuka. Alipoinua, bega lilikuwa limeshika kutu, mviringo uleule, ukingo uleule uliochongoka.

Binti aliinuka kutoka kwenye beseni.

"Umejuaje umbo lake?"

"Doa nililopigana nalo nusu siku nilisahau? Nayajua yote kwa sura. Ile oili ilikuwa na mkia. Damu ilikuwa matone matatu, moja limechuruzika." Akaweka pasi pembeni. "Hiyo ni sampuli. Sasa tuongee."

"Tuongee nini tena, mama?"

"Kufua ilikuwa bure. Kuchafua kuna bei."

"Mama! Wewe ndiye uliyeliharibu, halafu unanitajia bei?"

"Uliniagiza niondoe harufu. Nusa. Ipo?"

Binti alinusa, maskini. Haikuwepo.

"Sitaki makubwa," Bi Kola alisema. "Taulo na mashuka mpaka mwisho, kama tulivyokuwa tukiongea. Juu yake nguo za waigizaji: za kufua nifue, za kuchafua nichafue. Na huyu wifi yangu anatajiwa bei yake peke yake."

"Hapo umesema," wifi akadakia. "Kushona nimeshona bure, na kufumua nako bure? Mimi ni ndugu wa mume, si punda."

"Mkataba sisaini mimi," binti alisema.

"Mpigie anayesaini."

Akapiga. Aliongea nje, akirudi na kwenda mbele ya dirisha. Aliporudi ndani alisema bosi wake amekubali kwa sharti moja: koti lipite mbele ya kamera saa kumi bila mtu kugundua. Lisipopita, hata taulo wasahau, na ile kampuni ya kufulia yenye mashine itaitwa kesho.

"Haki yake," alisema Bi Kola, akakunja mikono ya gauni.

Asubuhi ile chumba kilikuwa na raha ya jikoni siku ya wageni. Oili ilitoka gereji ya jirani, nyeusi ya kutosha. Chai ya rangi ilipakwa mgongoni kwa sponji. Binti alikoroga damu yake ya sharubati, Bi Kola akaidondosha: moja, mbili, tatu, na ya tatu akaiinamisha ichuruzike. Wifi alifumua kiraka chake akilalamika kila uzi, akakwaruza kiwiko kwa msasa, akang'oa vifungo na kuvitia mfukoni mwake, maana vilikuwa vizuri. Dereva alisimamisha gemu pale Mbeba Maji alipogeuza mgongo, akageuza televisheni wote waone.

Ikabaki kola.

Bi Kola alipaka masizi na mafuta. Akarudi nyuma akatazama. "Hapana."

"Mbona nzuri," alisema binti.

"Hiyo ni kola iliyopakwa. Uchafu wa kola haupakwi, unavaliwa. Huja na shingo, unaingia kwenye nyuzi kwa kusuguliwa. Kamera haitajua, lakini macho ya watu kama huyu," akamwonyesha mumewe, "yatajua." Akafuta alichopaka, akamtazama Dereva shingoni, kwa makini, kama anayekagua mzigo. "Simama."

"Mimi?"

"Umeoga?"

"Asubuhi."

"Vizuri. Jasho jipya halinuki, linalonuka ni la jana. Wifi, mshonee vitambaa vya taulo makwapani, tutavitoa baadaye. Nawe mwanangu, lete dumu la lita ishirini. Lijaze."

Dereva alivaa koti la Mbeba Maji. Tumbo lilikataa kufungwa, lakini vifungo havikuwepo hata hivyo. Shingoni wakampaka masizi na mafuta, begani wakamtwika dumu, wakamtoa uani kwenye jua kali, kati ya kamba zilizo tupu.

"Zunguka," alisema mkewe.

Akazunguka. Mara ya kwanza alitembea kama mstaafu. Mara ya pili kichwa kikainuka. Ya tatu alishakuwa na mwendo wa kiooni, bega moja chini, macho mbali, akitafuta waliosalia.

"Kaka, usijisahau ukaelekea jangwani!" wifi alipiga kelele dirishani. "Chakula cha mchana kipo!"

"Wapeni maji watu wangu!" Dereva akajibu, akajimwagia kidogo kichwani. Msimamizi wa mavazi alicheka mpaka pini zikamdondoka.

"Eti humu ndani maji sibebi?" Dereva alimuuliza mkewe akipita.

"Usiongee, toa jasho."

Alipolivua, kola ilikuwa kola. Na juu ya bega la kulia mpini wa dumu ulikuwa umesugua turubai, umeacha mchirizi uliopauka. Binti aliugusa, akatazama televisheni. Mchirizi ulikuwepo pale pia.

"Huu hatukuwahi kuuweka," alisema. "Tuliusahau kabisa."

"Uacheni," alisema Dereva, akihema. "Huo ni wa kwangu."

Saa kumi koti liliingia mbele ya kamera. Bi Kola hakwenda kutazama. Alikaa mlangoni, mikono ikinuka siki, akijifanya anahesabu vibanio. Jua lilipopungua ukali, simu ya wifi ikaita. Wifi alisikiliza, akaitikia mara mbili, akaiweka chini.

"Wanauliza," alisema, akibana tabasamu, "kesho walete nguo za magofuni saa ngapi. Ni mpya, hazijawahi kuvaliwa."

"Ngapi?"

"Arobaini."

Bi Kola alinyanyuka, akalifungua dirisha la nyuma.

"Dereva! Kazime hilo gemu, ukalale mapema. Na waite wale wastaafu wenzako, wenye shingo nene."

Miezi tisa kamba zake hazikupata nafasi. Na kila asubuhi, ndani ya ua wa dobi, wazee sita wenye makoti ya mwisho wa dunia walizunguka juani na madumu begani, wakitaniana kwa sauti, huku Bi Kola akisimama mlangoni na kukagua shingo moja baada ya nyingine.

"Bado," alisema. "Zunguka tena."