Mtu Aliyempangia Agata Majani

Ukitaka kuniita mwongo, niite nikishamaliza. Mambo haya yalinikuta mimi mwenyewe, hapa Namswea, miaka ile biashara huria ilipoingia na ushirika ukaacha kutuletea dawa za kahawa.

Mke wangu Agata nilimuoa akiwa mjane. Mumewe wa kwanza, Kosmas, alikuwa mvuvi wa Mbaha, alizama ziwani. Sikuwahi kumwonea wivu. Marehemu unamwonea wivu wa nini?

Niliyemwonea wivu ni bwana wa kamera. Alitoka Dar es Salaam kupiga filamu ya maisha ya wakulima. Hakuuliza maswali, hakumpanga mtu. Alikaa tu mlimani na kamera yake, anatazama. "Fanyeni kama sipo," alituambia. Atakuwaje hayupo, na anamtazama mke wangu kutwa nzima?

Siku moja nilikwenda Mbinga mjini kutafuta dawa ya kahawa. Niliporudi alasiri nilimkuta bwana wa kamera shambani anafunga vifaa. Nikamwambia haondoki mpaka nione alichopiga. Hakubisha. Akarudisha mkanda nyuma, nikaweka jicho kwenye kitundu cha kamera.

Nikamwona Agata analima ngolo, haya mashimo yetu ya mlimani. Mbele yake mwanamume ameinama, anampangia majani, naye Agata anayafukia kwa udongo. Kazi yangu hiyo! Na mke wangu anacheka. Niamini, miaka minne ya ndoa sikuwahi kumwona akicheka vile.

"Nani huyu?"

Bwana wa kamera akachungulia. "Mzee, mama alikuwa peke yake. Mimi nilikuwa hapa hapa."

Agata naye akaja, akaweka jicho. Alitazama muda mrefu mno. Alipoinua uso alikuwa analia.

"Kosmas amenenepa," akasema. Basi.

Kesho yake, ukungu haujaondoka, nilikwenda shambani peke yangu nikakaa, natazama. Akaja yule wa kwenye mkanda. Akainama, akaanza kupanga majani, nguo zinamchuruzika maji. Wivu ukanipanda, nikainua jembe.

"Agata ni mke wangu!"

Hakugeuka hata. "Basi mpangie wewe, kaka," alisema, kwa lafudhi ya kule ziwani.

Sikumbuki kingine. Nilizinduka jua likiwa utosini, na mkono huu wa kulia haujainuka kupita bega tangu siku hiyo. Hospitali waliupima, hawakuona kitu.

Sasa Agata analima peke yake. Vibarua hawataki. Adhuhuri anarudi, ubavu mzima wa mlima umekwisha. Namuuliza kasaidiwa na nani.

"Na nani tena, Baba Stella?" ananijibu, ananiwekea ugali.

Wewe uliyeoa mjane, mgeni mwenye kamera akija kwako mpe kiti, mpe maji, lakini usiombe kuona alichopiga. Ukishaona, hamtalala tena wawili tu.