Nusu ya Wazo

Baba yangu alilima tumbaku Pate, na mbali na tumbaku alikuwa na kazi ya mikono ambayo sijaiona kwa mtu mwingine. Aliweza kulitoa wazo likaonekana. Alikaa, akaviweka viganja vyake mkabala, akaviachanisha polepole, na baina yake kikatokea kile alichokuwa akikiwaza: kina rangi ya maji ya dafu, hakizidi boga kwa ukubwa, na hakishikiki. Kilikaa muda wa mtu kunywa kikombe cha kahawa, kisha kikayeyuka. Kwetu sisi lilikuwa jambo la kawaida, kama kuwa na baba fundi viatu. Seremala alipomwuliza anataka mlango wa namna gani, alimwonyesha. Mimi ndovu nilimjua mikononi mwake kabla sijamwona hata kwenye picha. Mwalimu wa chuoni, aliyetusomesha Kurani, alikuja siku moja kumwuliza kama hamna uchawi ndani yake. Baba akamfanyia. Mwalimu akatazama, akasema, "Subhanallah," kisha akaomba aone tena.

Nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimeachwa na mume, nimerudi kwetu, alipopatwa na kiharusi. Alianguka shambani asubuhi, wakamleta juu ya kitanda. Upande wa kulia ulikuwa umekufa, na ulimi nao. Alibakiwa na sauti moja tu, "ma, ma," na macho yaliyotufuata kila tulikokwenda.

Siku ya tatu aliinua mkono wa kushoto na kukikunja kiganja. Kikatoka kitu, lakini nusu tu, kimekatwa wima kama nazi iliyopasuliwa. Niliona kipande cha tao, na chini yake kitu chenye shingo. Kikayeyuka. Akakifanya tena, kile kile.

"Ana neno," mama alisema. "Ana neno ataka kutwambia. Ndoo hapa karibu naye, mwanangu. Wewe ndiwe uliyefanana naye mikono. Mpe wako wa kulia."

Nikakaa ubavuni mwake, nikakiweka kiganja changu mkabala na chake. Kitu kikatoka kizima. Ulikuwa mtungi wa maji chini ya tao, na mama akapiga kigelegele kama yuko arusini. "Ma" ni maji, nikasema, nikakimbia kuyaleta. Baba akafunga mdomo. Maji yakamtiririka kidevuni mpaka shingoni, naye akafumba macho.

Hapo ndipo nilipoelewa. Mtungi ule ulikuwa wangu. Nilipoiona ile shingo nilifikiri mtungi, na nusu ya kulia ikafuata fikra yangu. Kesho yake nilifikiri taa, ikawa taa. Nikajaribu kutofikiri chochote, lakini nani awezaye? Nilisoma Fatiha moyoni ili kichwa kishughulike, na upande wangu ukatoka ubao wa chuoni pamoja na maandishi yake. Baba aliutazama ule ubao, akaanza kulia bila sauti. Nami sikuwa na la kumfanyia ila kumfuta uso.

Mama akasema labda anamtaka dadake aliyeolewa Kiunga. Tukapeleka salamu. Shangazi alifika baada ya siku nyingi, ameshukia bandari ya Mtangawanda na kupanda punda mpaka mjini, nguo zake bado zimelowa maji ya bahari. "Kaka, ni mimi," akamwambia. Baba alimtazama kama anavyotazamwa mgeni yeyote.

Shangazi akakaa mahali pangu, akatoa mkono wake. Likatoka lile tao, na chini yake amesimama mtoto wa kike, nywele hazijasukwa.

"Ni mimi huyu!" akalia. "Yuwanikumbuka!"

Mtoto alikuwa amesimama upande wa kulia, upande wa shangazi mwenyewe. Niliona, na nadhani mama pia aliona. Hakuna aliyekuwa na moyo wa kumwambia.

Shangazi alipoinuka, baba aliurudisha mkono wake chini ya shuka. Tangu siku hiyo kila asubuhi nilikaa pale nimefungua kiganja. "Baba, mara moya tu," nilimwambia. "Sitafikiri kitu." Alinitazama vizuri, bila hasira, lakini mkono hakuutoa. Alifariki Alhamisi, baada ya alasiri. Mama mwenyewe ndiye aliyeutoa mkono ule ili aunyooshe.

Siku ya hitima kila mtu alikuwa na lake. Mama alisema marehemu alikuwa akituomba radhi. Shangazi alisema alikuwa akiikumbuka nyumba ya wazazi wao. Mwenye shamba la jirani alisema bila shaka lilikuwa jambo la mpaka. Kisha wakanigeukia mimi.

"Wewe uliyemshika mkono," akaniuliza mzee mmoja. "Alisema nini?"

"Sijui."

"Usitufiche, binti. Maneno ya maiti ni amana."

"Wallahi, sijui."

Akatikisa kichwa, akainuka kwenda kunawa mikono. Wako waliokufa wakiamini kwamba nilificha.