Nje ya Ukuta wa Ungwana

Swali la Habiba ndilo lililonitoa Garsen. Nilikuwa nafundisha kidato cha pili jinsi miji ya kale ilivyojizungushia kuta. Nilianza na Yeriko na Babeli, kisha nikashuka hadi pwani yetu. Nilichora duara ubaoni, ndani nikaandika "mji", nje nikaandika "adui". Nikataja Ungwana, magofu yaliyo karibu na Kipini, nikasema wazee husimulia kwamba ukuta wake ulijengwa kuwazuia wafugaji waliotoka bara. Habiba, binti wa Kiorma aketiye mstari wa mbele, akainua mkono.

"Mwalimu, hao adui ni sisi?"

Kengele ililia kabla sijajibu, na kusema kweli nilishukuru. Lakini wiki nzima baada ya hapo hakuinua mkono tena. Mimi ni Mpokomo wa Ngao, na sisi ni wakulima. Hapa kwetu, mkulima akisema neno kuhusu mfugaji, neno hilo halibaki darasani.

Nilimweleza Barisa, mwalimu wa hisabati, Muorma na rafiki yangu wa miaka mingi. Hakucheka.

"Wewe umewahi kuuona huo ukuta?"

"Sijawahi."

"Basi unafundisha vya kuambiwa. Jumamosi twende."

Saa kumi na mbili asubuhi ya Jumamosi tulivuka daraja la Tana kwa pikipiki yake. Mto ulikuwa mwekundu kwa udongo wa bara, na wanawake walikuwa wameshaingia mashambani kufukuza ndege kwenye mpunga.

Gamba tulifika jua limechomoza vizuri. Barisa alikata kushoto, tukafuata njia ya ng'ombe hadi kwa shangazi yake. Tulimkuta akiziba pengo katika boma, anavuta matawi ya miiba kwa fimbo yenye ndoana. Nilimuuliza boma lile linalinda nini.

"Hii si ya mtu," alisema. "Hii ya ndama. Mtu yeye analala tu karibu."

"Fisi huja?"

"Fisi anakuja. Simba anakuja. Mtu pia anakuja."

Alitupa maziwa yenye harufu ya moshi. Nilikunywa huku nikiitazama ile miiba, nikawaza kwamba hata waliojenga Babeli, babu zao huenda walianza hivihivi, kwa kuzungushia kile ambacho hawakuweza kuvumilia kukipoteza. Matofali yalikuja baadaye. Miaka kumi na mmoja nimefundisha kuta, na sikuwahi kuliangalia boma la ng'ombe kama somo langu.

Kabla ya Witu tulisimamishwa kwenye kizuizi. Askari alitazama vitambulisho vyetu.

"Mnaenda wapi?"

"Kuona ukuta," Barisa alijibu.

"Ukuta wa nani?"

"Hilo ndilo tunalokwenda kuuliza."

Alitukazia macho kidogo, kisha akatuashiria tupite.

Saa nne tulikuwa Kipini, nyumbani kwa Bi Zainabu, mama wa mwalimu mwenzetu. Alikuwa amekwishatuandalia chai ya tangawizi na mkate wa kumimina. "Ndooni, karibuni," alituita kwa lahaja yao. Shamba lake limepakana na magofu, na njia zake anazijua kuliko mtu yeyote. Alitangulia mbele na kijiti, akigonga vichaka kwa sababu ya nyati, sisi nyuma tukipukutisha majani kichwani.

Ukuta ulitutokea ghafla. Mawe ya matumbawe, chokaa imekuwa nyeusi, mizizi imepenya kila ufa. Mahali pengine ulinipita kimo, pengine ulikuwa umelala chini kama tuta. Niliugusa kwa viganja viwili. Sikutarajia kwamba ningefurahi kiasi kile.

"Mui huu ulikuwa na mambo," alisema Bi Zainabu, akimaanisha mji. "Misikiti, makaburi ya mabwana, visima. Kisha Wagala wakaja, ndiyo wenyeji wakajenga ukuta."

Wagala ni jina ambalo Waorma hulichukia.

Barisa alikuwa anapima unene wa ukuta kwa tepu. Aliikunja polepole. "Mama, hao unaowaita hivyo ni sisi. Jina letu ni Waorma."

Bi Zainabu alijiziba mdomo kwa mkono. "Nisamehe, mwanangu. Ndivyo tulivyolisikia kwa bibi zetu." Kisha akainua kichwa. "Lakini siwezi kukudanganya kwamba hawakuja. Walikuja."

Nilisubiri ugomvi. Barisa akaketi juu ya jiwe.

"Najua walikuja," alisema. "Hata kwetu wanasimulia, ila kwetu wanasimulia kwa fahari. Babu yangu akifika hapo katika hadithi alikuwa anasimama wima kabisa."

Bi Zainabu alicheka kwanza, nasi tukafuata. Baada ya hapo mazungumzo yalilegea. Barisa alituonyesha uwanja mpana ndani ya ukuta usio na alama ya nyumba. Kwa macho ya mtoto wa mfugaji, alisema, huo ulifanana na mahali pa kulaza ng'ombe. Kama ni kweli, akauliza, ng'ombe hao walitoka kwa nani?

"Wazee wetu waliwanunua kwenu," Bi Zainabu alikubali. "Samli tunanunua hadi leo."

"Na sisi Wapokomo tulikuwa upande gani?" nikauliza.

"Nyie? Mchele ulitoka mtoni kwenu. Mkitaka mnaleta, msipotaka tunalala njaa."

Alasiri tulirudi. Tulipokaribia Gamba, Barisa aliniambia kwa sauti juu ya mlio wa injini kwamba ataandika masimulizi ya babu yake, pamoja na yale mabaya.

Jumatatu nilimwomba aingie darasani nami. Niliwaambia wanafunzi kwamba niliandika neno "adui" ubaoni bila kujua nilichokuwa naandika. Barisa akasimulia mashambulizi, hakuficha, kisha akasimulia samli na ng'ombe. Nami nikaongeza mchele. Niliwaeleza nilichojifunza: ukuta hujengwa dhidi ya watu unaowaogopa, na mara nyingi ndio haohao unaowahitaji wiki ijayo.

Habiba alikuwa ameinamia daftari. Nikadhani bado amenuna. Kumbe alikuwa anachora ukuta wenye lango, na mkono wake ukapanda.

"Mwalimu, lango lao lilifungwa siku zote, au usiku tu?"

Mimi na Barisa hatukuwa tumewaza kuuliza.

"Sijui," nilimwambia. "Twende tukaangalie pamoja."