Bakuli Lililojaa Pomoni

Katika kila filamu, jirani wa Zuura, mwigizaji, hupewa kazi ile ile: kumimina chai bila kusema neno. Humimina kama afanyavyo nyumbani kwao Naryn, huko milimani, mkono wa gauni kaukunja, mgongo kauinamisha kidogo, bakuli nusu tu, kwani huku kumjazia mgeni ni kumwambia aage. Juzi ukumbi wa kijiji ulionyesha filamu mpya. Shujaa wake, mkaguzi wa chama cha kikomunisti, alihutubia mezani bila kupumua. Humo filamuni jirani akainama, akamjazia bakuli pomoni. Ukumbi mzima ukaangua kicheko.

"We dada, umemfukuza mkaguzi mbele ya Moscow nzima!" Zuura akamnong'oneza.

"Yule mwongozaji Mrusi alinikumbatia," akajibu, akitema ganda la alizeti. "Akasema, ukarimu ndio huo!"