Siku Nilipomfuta Dereva

Mmeniomba nisimame niwaambie yaliyonipata. Nitawaambia nikiwa nimekaa. Mguu huu wa kulia ukisimama muda mrefu huanza kutetemeka, na wenzangu mliopata kiharusi mnaujua mtetemeko huo, hauna adabu hata mbele ya wageni. Nimechoka leo, kama nilivyochoka jana. Lakini mtu anaweza kuchoka na bado akawa na la kusema.

Naitwa Lemburis. Kwetu ni Olmotonyi, ila nakaa Moshono na mke wangu, Mama Upendo. Kazi yangu ilikuwa kuendesha watalii. Sijisifu, lakini barabara za porini wakati wa masika niliziendesha mimi wakati wengine wamekwama wanapiga simu kuomba trekta. Kwa ndugu zangu mimi nilikuwa Dereva, basi. Mgonjwa wa kupelekwa hospitali, bibi harusi wa kubebwa, jeneza la kurudisha nyumbani, watu walisema mwiteni Dereva.

Mgeni mmoja aliniachia gemu ya mkononi, ile ya kushika kwa viganja viwili, kioo katikati na vitufe pembeni. Wageni wakiondoka huacha vitu: soksi, tochi, mafuta ya jua yaliyobaki. Huyu aliacha gemu ya mashindano ya magari. Niliipenda mno, maana dereva wa watalii hungoja zaidi kuliko anavyoendesha. Anangoja langoni, anangoja uwanja wa ndege, anangoja simba aamke. Mimi nilingoja nikiwa na gemu. Gari langu likipinduka nilisema "nimekufa", kama kila mtu anavyosema kwenye gemu, kisha naanza tena.

Gemu hiyo huhifadhi pale ulipofika. Ukiiwasha inakuuliza: uendelee, au uanze upya? Na ina nafasi moja tu ya kuhifadhi. Ukianza upya, inafuta vyote ulivyoshinda. Miaka yote nilibonyeza kuendelea bila hata kusoma swali. Nilikuwa nimepanda daraja la mwisho, la magari ya kasi tupu. Magari madogo ya mwanzo, ukishayapita, huyaoni tena.

Ugonjwa ulinianza msimu wa baridi, wakati Meru inajifunika mawingu watu wakasahau kama kuna mlima. Kisogo kilinigonga mchana kutwa nikasema ni uchovu wa safari. Asubuhi yake mswaki ulinidondoka. Nikauokota, ukadondoka tena. Nikakaa mezani kunywa chai.

"Baba Upendo, mbona unaimwaga chai kama mtoto?" mke wangu aliniuliza.

Nilitaka kumjibu kwa ukali. Kilichotoka mdomoni kilikuwa mlio tu. Ulimi ulikuwa mzito kama umelazwa kinywani na mtu mwingine. Nikajaribu kuinuka, mguu haukuwepo, nikaenda chini na kiti juu yangu. Suruali ikalowa. Nasema haya wazi kwa sababu najua humu ndani kuna mtu ilimlowa pia, na anadhani ni yeye peke yake.

Jirani alikuja akasema ni upepo mbaya. Nisiguswe na maji, nisichomwe sindano, nifunikwe blanketi mpaka apatikane mtu wa dawa kutoka Kisongo. Mama Upendo akamjibu, "Asante jirani. Huo upepo utatufuata hospitalini." Akampigia Lazaro, dereva mwenzangu. Nikalazwa kiti cha nyuma. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kupanda gari nikiwa mzigo, na njia nzima nilikuwa namkosoa Lazaro gia kimoyomoyo, maana ndivyo nilivyojizuia nisiogope.

Daktari alikuwa binti mdogo, akaniamkia kwanza. "Shikamoo baba. Presha ulipima lini?"

"Hajawahi," mke wangu akajibu.

Baada ya kipimo cha kichwa alisema mshipa wa damu umeziba upande wa kushoto wa ubongo, ndiyo sababu upande wangu wa kulia umelala. Mama Upendo akamuuliza kama utaamka.

"Sehemu utaamka. Sehemu sijui. Sitawadanganya."

Namshukuru mpaka leo kwa ile "sijui" yake. Wengine wote walijua.

Nililazwa na mpira wa mkojo. Nilivalishwa pampasi, mimi mwanamume niliyevusha watu mito. Choo kilikataa mpaka tumbo likawa ngoma. Mate yalitoka upande mmoja wa mdomo na mke wangu akayafuta kwa kanga yake. Kidonda kikaanza kwenye kalio kwa kulala upande mmoja. Kilichonitesa kuliko vyote ni kulia. Nililia nikiona uji, nililia nikisikia mtu anacheka kitanda cha pili. Daktari alisema ni ugonjwa unaolia, si mimi. Nikamwamini nusu.

Niliporudi nyumbani Moshono, mama yangu alishuka kutoka Olmotonyi kutusaidia, na wageni wakaanza kumiminika. Kila mmoja alikuja na pole yake na swali lake. "Anaendeleaje?" Hawakuniuliza mimi, walimuuliza mke wangu, kama vile mimi ni maharage yaliyo jikoni. Naye akajibu, "Anaendelea vizuri." Nilikuwa siendelei popote. Nilikuwa nimekaa kwenye kiti cha plastiki, natazama mkono wangu umelala mapajani kama kitu cha mtu mwingine alichonipa nimshikie. Nikazima simu yangu nisiulizwe tena.

Mazoezi ya viungo nilifanyia Sekei, kwa dada mmoja wa Tanga anayeitwa Rehema. Alinipa mpira niukande. Nikauchukia. Siku moja akaniuliza, "Kaka, mkono huu ulikuwa ukipenda nini?"

"Usukani," nikasema. Nilikuwa nimeanza kutamka, japo kilevilevi.

"Wa gari sina. Kingine?"

Mama Upendo akaikumbuka gemu. Alikwenda nyumbani akaitoa kwenye begi la safari, bado ina vumbi la porini kwenye vitufe.

Ndugu zangu, nilifurahi. Nikaiwasha, nikabonyeza kuendelea kama zamani. Likatokea lile gari langu jekundu la kasi, likaruka mbele, kidole gumba cha kulia kikachelewa, kona ya kwanza likapinduka. Nimekufa. Nikarudia. Nimekufa. Ikawa ndiyo kazi yangu toka asubuhi. Neno nililolitamka vizuri kuliko yote katika ugonjwa wangu lilikuwa hilo, nimekufa, kwa sababu ndilo nililolifanyia mazoezi.

Rehema aliniona nafoka. "Kwani haina pa kuanzia mwanzo, polepole?"

"Ipo. Lakini inafuta kila kitu."

"Kila kitu gani?"

Ningemwambia nini? Mle ndani ya ile gemu ndimo pekee nilimokuwa bado Dereva. Nilikuwa naogopa kwamba nikivifuta vile nilivyoshinda, hakuna mahali pengine duniani palipoandikwa kwamba mkono huu uliwahi kuwa mwepesi.

Sasa sikilizeni kilichotokea. Shangazi yangu Naomi, dada yake baba, alipiga simu kutoka Olmotonyi. Mama Upendo alikuwa amekaa karibu nami anachambua mchicha, simu kwenye sikio, macho kwenye kioo changu. Shangazi akauliza lile swali lao. Gari langu likapinduka wakati uleule. Mke wangu akacheka, akasema, "Huyu? Huyu amekufa, shangazi, ngoja nikueleze..."

Simu ikazimika. Chaji ilikwisha, na umeme ulikuwa umekatika tangu asubuhi. Mama Upendo akaiweka mezani, akaendelea na mchicha wake.

Mnawajua watu wa kwetu kwenye msiba. Hawaulizi mara mbili. Alasiri nikiwa sebuleni, mama amekwenda shambani nyuma ya nyumba, nikasikia gari linasimama getini, kisha kilio. Kilio chenyewe, kile cha kutoka tumboni. Nikatambua sauti ya Shangazi Naomi.

"Uuwi! Dereva wetu! Lemburis mwanangu, nani atanishusha mjini nikiumwa? Mkono ulioshika usukani kwenye tope mpaka mlangoni kwangu, leo umelala! Dereva wetu hayupo!"

Na wengine wakaitikia, hayupo, hayupo.

Ningeweza kupiga kelele kwamba nipo. Sikupiga. Nilikaa nikasikiliza. Watu wote walikuwa wamekuja kuniambia naendelea vizuri, na huyu peke yake, kwa makosa, alikuwa anasema kweli. Dereva hayupo. Mkono umelala. Nikaona kifua kinafunguka, kama mtu aliyekuwa amebeba gunia akaambiwa haya, tua.

Nikainuka kwa fimbo, nikaburuta mguu mpaka kibarazani, gemu inaning'inia shingoni kwa kamba yake.

Kelele zilizopigwa pale sitazisahau. Mwanamke mmoja aliachia sufuria likabingirika mpaka barabarani. Kwenye pikapu kulikuwa na kuni, maziwa, mablanketi, na mwinjilisti ameshavaa kanzu. Shangazi alinitazama juu mpaka chini, akanikaribia, akanishika uso, kisha akanizaba kofi la bega, lile bega zima.

"Kumbe upo, mjinga wewe!"

Mama Upendo alikuwa ametoka jikoni, ameshika mdomo kwa mikono miwili. Alipoelewa, akakaa chini kabisa kwenye majani akacheka huku analia. Mama yangu akaja toka shambani na jembe lake, akaelezwa, akakitazama kile kikosi na gari lao.

"Kuni za msiba hazirudi zilikotoka," akasema. "Teremsheni. Pikeni."

Wakapika loshoro, yale mahindi ya maziwa mgando, watu wakala. Mwinjilisti alikuwa hajui aombe ombi lipi, la marehemu au la shukrani. Shangazi akamwambia aombe yote mawili, asibague. Wazee wakasema aliyezushiwa kifo huishi sana, wakanipa mkono, na wote wakaushika huu wa kulia.

Shangazi alikuja kuketi kando yangu, bado amenuna. "Haya, niambie. Ulikuwa umekufaje?"

Nikamwonyesha. Akatazama lile gari jekundu linapinduka, mara ya kwanza, mara ya pili.

"Na hili unalirudia kutwa?"

"Ndiyo, shangazi."

"Halafu unapona?"

Akajifunga vizuri shuka lake. "Mimi nimeshalia, Lemburis. Nimelia toka Olmotonyi mpaka hapa, na machozi sirudishi. Mtafute wa kuzikwa."

Alisema kwa hasira tu, mtu aliyechoshwa na safari ya bure. Lakini mimi nilikuwa najua tayari nani wa kuzikwa.

Jua lilikuwa bado halijazama, Meru imejitokeza kichwa. Nikaiwasha gemu. Iliponiuliza, kwa mara ya kwanza nilisoma swali lote. Nikachagua kuanza upya. Ikaniuliza kama nina hakika, kwamba vyote vitafutika. Nikaweka kidole gumba cha kulia juu ya kitufe. Hakikubonyea. Mama Upendo akanyoosha mkono anisaidie, nikamwambia aache. Kikatetemeka, kikateleza, nikakirudisha. Kikabonyea.

Ikafuta. Mara moja tu, bila hata mlio. Miaka yangu yote ya malangoni na viwanjani ikaondoka, nikaumia, na nikalia mbele ya waombolezaji wangu. Safari hii sikulia kwa ajili ya ugonjwa. Nilikuwa nalia mimi mwenyewe, na tofauti yake niliijua.

Kisha kikatokea kigari kidogo cha mwanzo, kibovu, mwendo wake wa bajaji kupanda mlima. Kilikwenda polepole kiasi kwamba kidole changu kiliiwahi kona. Magari yote yakanipita. Nilimaliza wa mwisho, lakini nilimaliza.

"Vipi?" shangazi akauliza.

"Sijafa," nikasema.

Kutoka hapo mkono ulianza kurudi, kidogo kidogo, bila muujiza wa kuwasimulia. Kidole gumba, kisha viwili, kisha kijiko, kisha vifungo vya shati, ambavyo vilinitoa jasho kuliko barabara yoyote. Kidonda kikafunga. Mguu bado ni mguu wa fundi aliyekopwa, hufanya kazi siku unayotaka wenyewe. Porini sijarudi. Usukani wa kweli daktari hajaniruhusu. Sasa nakaa ofisini nawaongoza madereva wachanga kwa redio, nawaambia mto upi usivukwe. Jioni nikifika nyumbani nimechoka hata kuvua viatu. Nisiwadanganye, kuna siku namkumbuka yule Dereva na roho inaniuma. Namkumbuka kama ndugu niliyemzika kwa heshima.

Namshukuru Mungu. Namshukuru yule daktari na Dada Rehema. Mama Upendo nikianza kumshukuru hatutaondoka hapa. Nanyi mnaonisikiliza, pimeni presha hata kama hamuumwi. Mtu akidondosha mswaki mara mbili na mdomo ukaenda upande, msiwaze upepo, tafuteni gari. Na wewe uliyelala ukijaribu kila siku kuendelea pale ulipoachia, ukapinduka kona ileile, nakuomba ushuke kwenye gari hilo. Omba kigari kidogo. Si aibu.

Wiki iliyopita Shangazi Naomi alipiga tena. Mama Upendo aliitazama kwanza chaji, ndipo akapokea. Nikamsikia shangazi akiuliza lile swali lao la siku zote, ninaendeleaje.

"Haendelei, shangazi," mke wangu akasema. "Ameanza upya. Kuni usilete."